Kahawa Yangu Imehamia Mtoni

Mpima ardhi aliyeteuliwa na mahakama alifika shambani kwangu Bwera, Uganda, saa saba mchana, jua la utosi, kifaa cha GPS mkononi. Mzee aliyewaona baba yangu na baba wa jirani wakipanda masale ya mpaka alikaa juu ya jiwe akingoja kuitwa. Hakuitwa. Tulioitwa ni mimi na jirani, tuchange pesa ya mafuta ya gari. Katika hilo hatukugombana hata kidogo, tulinuna pamoja.

Tunachogombania ni mistari miwili ya kahawa, kama mita tano hivi. Kifaa kile hukosea mita kadhaa hata anga likitakata, na siku ile kilizungushwa chini ya migomba. Huko ni kupima dhahabu kwa mizani ya mihogo. Lakini ripoti ilipotoka ilikuwa na muhuri na namba ndefu ndefu, na kwa namba hizo kahawa yangu imeota katikati ya mto Lhubiriha.

Nikamwita mpwa wangu, fundi wa barabara. Akacheka mpaka akakaa chini.

"Mjomba, shamba halijahama. Amechanganya vipimo."

Kumbe ramani zetu za zamani zinafuata mfumo uitwao Arc 1960, na setilaiti zina wao, WGS 84. Ukisahau kugeuza namba, mahali panaruka karibu mita 300. Mita 300! Mimi nagombania tano.

Basi nikaambiwa ninyamaze, mtaalamu kashasema. Ninyamaze mimi, mtu wa Bwera? Mkataba wa 1894 kati ya Uingereza na Kongo ya Mfalme Leopold uliweka mpaka wa nchi kwenye mstari wa nyuzi 30 mashariki, na waliotia saini hawakujua mstari wenyewe unapita wapi ardhini. Wapimaji walipokuja 1907 na 1908 wakakuta haupo pale ulipochorwa. Mji wa Kasese uko mashariki yake kidogo tu, na Bwera iko magharibi, kwa hiyo kwa mstari ule mimi ni Mkongo. Wakubwa waligoma, wakakaa mezani Brussels 1910, wakaanza kutaja mito na milima. Ndiyo maana leo ukitoka Mpondwe upande wetu kwenda Kasindi ya Kongo unavuka mto Lhubiriha. Wafalme walipinga vipimo, wakasikilizwa. Mwenye kahawa akipinga, anaitwa mkorofi.

Wakili (naye anakula mafuta, ila yeye huyaita gharama) alinieleza kuwa ripoti ya namna ile ni ushahidi tu, haimfungi hakimu, na ninaweza kuomba mpimaji aitwe mahakamani aulizwe maswali. Tena tangu 2007 kuna mwongozo wa Jaji Mkuu: katika kesi za ardhi mahakama ifike shambani, isikilize mashahidi papo hapo na kuandika wanayosema. Mzee wangu wa kwenye jiwe bado yupo, hana haraka.

Siku ya kutajwa kwa kesi karani aliita "Baluku!" wakasimama wanaume watano. Sisi Wakonzo huitana kwa mpangilio wa kuzaliwa. Mpaka apatikane Baluku wa kesi yetu, hakimu alikuwa ameshatazama saa, tukapewa tarehe nyingine.

Jirani alikuwa ametembea kifua mbele tangu ripoti itoke. Mpwa wangu akamfuata nje na karatasi.

"Mzee, kwa namba hizi nyumba yako ya mabati iko ng'ambo."

"Ng'ambo gani?"

"Kongo."

Akaishika ripoti juu chini, akaigeuza. Akaniuliza, kwa sauti ambayo sijaisikia tangu tugombane, kama pingamizi langu dhidi ya ripoti bado lina nafasi ya jina moja. Tukarudi kwa karani pamoja, yeye kashika kalamu. Karani alikataa: mdai na mdaiwa, alisema, hawawezi kuwa upande mmoja, tuamue kwanza nani anamshitaki nani.