Kitambaa cha Mama Shingoni mwa Farasi

Farasi akiingia uwanjani Jamhuri, Nairobi, siku ya maonyesho, watu humtazama aliyempanda. Huona koti jeusi, buti zinazong'aa na kofia, kisha hupiga makofi. Macho yangu mimi huenda shingoni mwa farasi. Pale pana safu ya vifundo vilivyoshonwa kimoja kimoja, vyote vya ukubwa mmoja, na kila kifundo kina mtu aliyekikeshea. Nasema hivi kwa fahari na kwa uchungu pia, maana mwaka mmoja waliokesha tulikuwa sisi: mimi, mama mkwe, shemeji na watoto.

Mume wangu ni saisi. Kwa miaka mingi amelisha farasi wa tajiri wake huko Karen, Nairobi, amewasugua, amewasuka, na sisi jamaa zake tunaishi katika vyumba vilivyo nyuma ya mabanda. Mimi nasuka nywele za watu katika kibanda kando ya barabara ya Ngong. Nyumba moja ilikuwa na wasusi wawili, lakini kazi zetu hazikuwa zimewahi kukutana, mpaka mlango wa trela la farasi ulipombana baba watoto kidole gumba, siku moja kabla ya maonyesho.

Kidole gumba ndicho kinachosuka. Vidole vingine hushika na kupokezana, lakini gumba ndilo linalokaza. Saisi mwenye gumba lililovimba anaweza kubeba maji, anaweza hata kuongoza farasi, ila kusuka hawezi.

"Mama Watoto," aliniambia jioni ile, mkono umefungwa bendeji, "saa kumi alfajiri utamsuka Shangazi."

"Sijawahi kusuka farasi."

"Mikono unayo. Mimi nitakuelekeza."

Shangazi ni jina ambalo masaisi walimpa farasi jike wa rangi ya kahawia nyekundu, mstaafu wa uwanja wa mbio wa Ngong, uliofunguliwa mwaka 1954. Walimwita hivyo kwa sababu akitokeza kichwa bandani kila mtu huacha mzaha. Farasi wengi wa mbio wakishamaliza miaka yao ya kukimbia hufundishwa kuruka vizuizi au kutembezwa mbele ya waamuzi, na Shangazi alikuwa ameanza maisha hayo ya pili. Shindano lake lilikuwa saa mbili asubuhi.

Kwa nini asukwe? Zamani wapanda farasi wa vita na wa uwindaji walifunga singa za shingoni zisije zikajisokota kwenye hatamu. Leo ni kwa ajili ya jicho la mwamuzi, aone shingo ilivyojengwa kutoka utosini hadi mabegani. Saisi hodari huweza kuisaidia shingo hiyo. Ikiwa fupi, husuka misuko mingi na midogo, nayo huonekana imerefuka. Ikiwa nyembamba upande wa juu, huviketisha vifundo juu kabisa ya ukingo wa shingo, nayo ikaonekana imejaa. Si kila farasi husukwa. Farasi wa Kiarabu huonyeshwa singa zake zikiwa huru, kwa kuwa singa hizo ndefu ni sehemu ya sifa ya kizazi chake. Na farasi wa polo hunyolewa singa kabisa, mkia ukakunjwa na kufungwa, ili gongo la mchezaji lisinaswe. Shangazi alikuwa wa kusukwa.

Singa zake zilikuwa tayari zimepunguzwa hadi urefu wa kiganja, zote zikilalia upande wa kulia wa shingo kama ilivyo desturi. Kazi iliyobaki ilikuwa kulala mapema. Lakini shemeji, mdogo wake baba watoto, kijana mwenye moyo wa kusaidia, alikuwa ameingia kwenye kikapu changu cha kazi. Nilimkuta bandani mikono inanukia nazi.

"Shemeji, nimekurahisishia," akasema. "Nimempaka ile dawa yako ya kulainisha nywele. Tazama zinavyoteleza."

Zilikuwa zinateleza kweli, na hilo ndilo lililokuwa balaa lenyewe. Nywele za mtu hulainishwa ili kitana kipite bila machozi, lakini singa za farasi zinataka ukavu kidogo, hata vumbi kidogo, ili vidole vizishike. Ndiyo maana masaisi hawaoshi singa siku ya kusuka, huosha mapema. Baba watoto aligusa shingo ya Shangazi, akavuta pumzi, akamwambia ndugu yake achemshe maji. Tuliosha singa kwa sabuni ya kipande huku baridi ya Karen ikitukata masikio, mara ya kwanza, mara ya pili, kisha tukazikausha kwa magunia na mashuka makuukuu. Shangazi alisimama akitutazama kwa jicho moja. Binti yetu mkubwa ndiye aliyemshikia kamba na kumwimbia.

Baada ya hapo tulifungua sanduku la maonyesho. Mlikuwa na sifongo, kitana cha chuma, sindano butu zenye tundu kubwa, na kile kidude cha mafundi cherehani cha kufumulia mshono, ambacho ni bora kuliko makasi kwa sababu hakikati nywele ovyo. Uzi wa kahawia haukuwamo.

Uzi huo lazima ufanane na singa. Uzi mweusi ulikuwepo, lakini juu ya singa nyekundu ungeonekana kutoka ng'ambo ya uwanja, na maduka yalikuwa yamefungwa. Tulipekua vyumba vyote viwili. Mama mkwe, aliyekuja kutoka Vihiga kutusalimu na kukaa nasi kidogo, alituacha tupekue, kisha akauliza kwa sauti ndogo, "Mnatafuta ule wa kahawia uliokuwa juu ya kabati?"

Tukanyamaza sote. Mezani, mbele ya makochi, palikuwa na kitambaa kilichofumwa kwa kroshia, maua ya kahawia yenye ukingo wa rangi ya maziwa. Mama alikuwa ameona donge la uzi limekaa bure, akalifanyia kazi. Na kitambaa chenyewe hakikuwa cha mapambo tu. Kilikuwa cha kutandikwa siku wageni wa posa watakapokuja kwa binti yake wa mwisho.

Baba watoto alisema, "Mama, kiache. Nitamweleza tajiri." Alijua gharama yake. Farasi asiyesukwa katika shindano lile angetoka mbele ya waamuzi akiwa amekwisha kupungukiwa, na mwenye farasi hamuulizi mtu mwingine ila saisi.

Mama hakumjibu. Alikichukua kitambaa, akakipindua, akatafuta mwisho wa uzi pale alipoufichia fundo. Akaukata kwa meno. Kisha akavuta, na maua yakaanza kufumuka safu kwa safu mapajani mwake. Nimeona watu wakitoa pesa kwenye harambee, nimeona watu wakichinja ng'ombe kwa ajili ya wageni. Sijaona utoaji ulionigusa kama ule wa mwanamke mzee kufumua kazi yake mwenyewe usiku, bila neno, kwa ajili ya kazi ya mwanawe.

Uzi uliofumuliwa hutoka umejikunja na haupiti kwenye sindano. Hilo nililijua kutokana na kazi yangu. Tuliulowesha kwa maji ya moto, tukauzungusha kwa kuukaza kwenye miguu ya stuli iliyopinduliwa, tukauweka karibu na jiko. Kufikia saa tisa ulikuwa umekauka na kunyooka. Saa kumi kasoro stima zikapotea, nasi tukaenda bandani na tochi za simu.

Kusuka singa kuko hivi. Unalowesha sehemu ndogo, unaipima kwa upana wa kitana ili zote ziwe sawa, unagawa mafungu matatu na kuanza kusuka ukikaza tangu kwenye mzizi. Ukifika karibu na nusu unauingiza uzi uliokunjwa mara mbili, unausuka pamoja na nywele, na mwishoni unaufunga. Sindano unaipitisha chini, kwenye mzizi. Msuko unakunjwa, unakunjwa tena, halafu unashonwa mpaka uwe kifundo. Nilisimama juu ya kreti ya soda. Mama alishika tochi, kisha akachoka kushika tochi, akataka kusuka.

Mama amesuka vichwa vya mabinti zake wote, na kwake msuko usiovuta nyusi si msuko. Alipokaza wa kwanza Shangazi akatupa kichwa juu, tochi ikaanguka kwenye nyasi kavu.

"Mama, legeza kidogo," baba watoto akamwambia kwa upole. "Huyu lazima aweze kuinamisha shingo. Msuko ukimvuta hatainyosha, na atajisugua mlangoni mpaka aung'oe."

Mama akalegeza. Akaanza kuzungumza na farasi kwa kilugha chetu, lugha ya kumbembelezea mtoto, na Shangazi akashusha kichwa mpaka kikafika begani kwake. Kuanzia hapo kazi ilikwenda.

Mkia niliubeba mimi, na mkia ndio uliokuwa wangu hasa, maana unafanana na ule mtindo wa nywele wa twende kilioni. Unaanza juu kabisa na nyuzi chache za pembeni, unaokota kidogo kulia, kidogo kushoto, huku msuko ukishuka katikati ya mfupa wa mkia. Ukifika kwenye theluthi mbili za mfupa huokoti tena. Unasuka mpaka mwisho, unakunja kitanzi na kukishona nyuma. Anayesuka hasimami nyuma kabisa ya farasi, husimama ubavuni karibu na paja. Nilipomaliza, baba watoto akaufunga bendeji kwa mkono wake mzima, nami nikauzungusha mwisho. Bendeji hiyo haikazwi sana wala haiachwi usiku kucha, maana huzuia damu.

Mapambazuko yakaonyesha misuko 12 shingoni. Kwa desturi ya masaisi shingo husukwa kwa idadi ya witiri, na wa utosini huhesabiwa peke yake. Nilimwomba baba watoto tuache hivyo, trela lilikuwa linanguruma nje. Akatikisa kichwa. Tulifumua miwili ya mwisho, karibu na mabegani ambako nywele ni fupi na kaidi, tukaifanya mitatu. Ndani ya trela Shangazi akajisugua akang'oa mmoja, nikaushona upya katika maegesho ya Jamhuri, juu ya kreti ileile, watu wakipita na chai zao.

Alishika nafasi ya tatu. Mwenye farasi alifurahi, mpanda farasi akapigwa picha, utepe ukafungwa kwenye lijamu. Mchana huohuo tukafumua misuko yote, kwa sababu ikiachwa nywele hukatika, na Mama akaokota vipande vya uzi kutoka chini ingawa vilikuwa vifupi mno kufumia. Wageni wa posa walipokuja, meza ilitandikwa kitambaa chenye maua machache na ukingo mpana wa rangi ya maziwa. Posa ilikubaliwa.

Katika ratiba ya maonyesho yalichapishwa jina la farasi, jina la mwenye farasi na jina la mpanda. Ombi langu kwa waandaaji, na kwa kila mwenye farasi anayesoma Kiswahili: ongezeni mstari wa nne. Andikeni jina la saisi aliyemsuka. Na wewe msomaji, ukienda Jamhuri, fika mapema, upite kwanza kule mabandani, umsalimu.