Ombi la Hati za Matofali: Barua ya Wapangaji kwa Wakuu wa Hazina

Waheshimiwa Wakuu wa Hazina,

Sisi wapangaji wa Mbagala, Manzese, Tandika, Buguruni na kila mtaa ambamo mita moja ya umeme huhudumia milango sita, tunaleta mbele yenu shukrani ambayo tumechelewa kuitoa tangu Agosti 2021, kodi ya majengo ilipoanza kukatwa katika LUKU, yaani umeme wa kulipia kabla; maana hadi siku hiyo tulijidhania kuwa watu tusio na milki yoyote duniani, kumbe Serikali ilikwisha kututambua, bila ya sisi kuomba wala kuarifiwa, kuwa ni wenye majumba.

Heshima hiyo ilianza kwa shilingi 1,000 kwa mwezi, na ilipofika Julai 2023, yamkini kwa sababu tuliipokea bila ya makelele ya kutosha, ikapandishwa ikawa 1,500. Na wenzetu wakaao ghorofani wakajaaliwa daraja ya juu zaidi, 7,500 kwa kila sakafu. Hatunung'uniki, kwani aliyepewa cheo hanung'uniki. Tuombalo ni kwamba cheo kifuatane na kitu chake, kwa kuwa katika kila muamala wa halali tuliofundishwa na wazee wetu, mwenye kutoa thamani hupokea bidhaa, au walau hupokea ruhusa ya kuinyooshea kidole na kusema kuwa hii ni yangu.

Kwa hiyo tunaomba, kwa unyenyekevu usio na kifani, kwamba kwa kila shilingi 1,500 ikatwayo, mpangaji aliyenunua umeme apewe hati ya milki ya tofali moja katika nyumba anamokaa. Nyumba nzima hatuitaki. Tamaa ya namna hiyo ilikwisha kututoka zamani. Tunapendekeza hesabu ianzie msingini, upande wa uani karibu na choo, ipande taratibu kwa kufuata miezi, asije mpangaji wa juzi akadai tofali la sebuleni lenye kupigwa na upepo. Mkaazi wa ghorofa, kwa kanuni hiyo hiyo, atastahiki matofali matano kwa mwezi, wala hatutamhusudu. Pale milango sita inaposhiriki mita moja, hati itaandikwa kwa jina la yule aliyekatwa, yaani yule ambaye wenziwe watano walikaa gizani tangu tarehe mosi wakimsubiri anunue yeye kwanza.

Kila mtaa utahitaji karani wa matofali, mtu mwaminifu mwenye daftari na chokaa, ambaye ataandika nambari ukutani mbele ya mashahidi wawili. Mpangaji akihama, kama tuhamavyo kila mwenye nyumba anapokumbuka ghafula kuwa ana mpwa anayetaka kuoa, hati zake hazitabatilika. Atakwenda zake na matofali yake 14 ya Tandika, 9 ya Buguruni na 22 ya Mbagala, tajiri aliyetawanyika, na uzeeni atakuwa na kitu cha kuweka rehani. Akifariki, warithi watagawana kwa mujibu wa faraidhi, na mjane aliyeachiwa watoto atachukua thumni yake. Na kwa kuwa thumni ya yale matofali 14 ya Tandika ni tofali moja na robo tatu, mwenye kugawa mirathi atakuja na patasi.

Milki haina maana bila ya manufaa, na kwa sababu hiyo mwenye tofali apewe haki ya kumtoza mwenye nyumba kodi ya pango la tofali hilo, miezi sita kwa mkupuo na kwa kutangulia, pamoja na mwezi mmoja wa dalali, kama ilivyo dasturi ya mji. Msumari wowote utakaopigwa katika tofali letu utahitaji ridhaa yetu kwa maandishi. Na mwenye nyumba akichelewa kulipa, tutamwendea alfajiri, mbele ya watoto wake, tukamwambia kwa sauti ile ile aijuayo vyema kwamba wanaolitaka tofali hili ni wengi.

Maombi yetu mengine ni madogo. Risiti ya umeme, ikishataja VAT, tozo ya REA asilimia 3 na ya EWURA asilimia 1, itaje pia jina la mwenye nyumba tuliyemlipia, tupate kumwombea dua. Mzee wa miaka 60 asiye na pato, akaaye katika nyumba yake mwenyewe, husamehewa kodi hii. Basi na mzee mwenziwe aliyepanga chumba cha uani, ambaye kosa lake ni kuzeeka bila ya nyumba, naye afikiriwe. Kila mlango upewe mita yake, ili kaya sita za watumiaji wadogo zisihesabiwe kuwa mtumiaji mmoja mkubwa na, kwa hatia ya kuvuka uniti 75 kwa mwezi, zikatolewa katika bei ya shilingi 122 kwa uniti na kutupwa katika ile ya 356. Na ikiwa kanuni ya kumlipisha aliye karibu badala ya mwenyewe imewapendeza, msiibane: abiria wa daladala naye alipie bima ya basi.

Tumekwisha kushauriwa, tena mara nyingi, tupatane na mwenye nyumba ili fedha hiyo tuipunguze katika kodi ya pango. Ni nasaha ya mtu ambaye hajapata kupanga. Aliyekwisha lipa miezi sita kwa kutangulia ataipunguza katika fedha ipi? Na akithubutu kuipunguza muhula ujao, atalala wapi? Mnayajua haya. Sheria humtaja mwenye jengo kuwa ndiye mdaiwa, na hilo pia mnalijua. Mliichagua mita kwa kuwa anayeitegemea hana wakili, hana mkubwa wa kumpigia simu, na hawezi kukaa gizani na watoto mwezi mzima ili ashinde hoja. Mama anayenunua umeme wa shilingi 2,000 usiku, akarudishiwa uniti nne, amelipia kodi jumba la mtu asiyemjua hata kwa sura. Na ninyi huandika makusanyo yamepanda, mkayaita maendeleo. Kodi ya kichwa ya zama za mkoloni, pamoja na idhilali yake yote, ilikuwa na insafu moja: kichwa kilichotozwa kilikuwa juu ya mabega ya mlipaji mwenyewe.

Tuwieni radhi. Ghadhabu imetushikia kalamu, na si adabu kuwasemeza hivyo watu waliotupandisha daraja kuwa wenye majumba.

Turejee katika ombi letu. Mkilikubali, karani wa matofali aanze kazi mwezi ujao, nasi tutachangia chokaa. Mkiliona kuwa ni upuuzi, mkasema kwamba mpangaji hawezi kumiliki hata tofali moja la nyumba isiyo yake, basi tutaipokea hukumu hiyo kwa furaha kuu na kuihifadhi kwa maandishi yenu wenyewe. Kwani asiyeweza kumiliki tofali hawezi kudaiwa kodi yake, na ninyi mtalazimika kufanya kazi ile mliyoikimbia tangu mwanzo, ya kubisha hodi kwa mwenye nyumba na kumdai yeye.

Wenu watiifu, kwa muda wote ambao uniti hazijakwisha,

Wapangaji