Wanahistoria wa Runinga wa Igalula: Uainishaji wa Awali

Igalula ni kituo cha Reli ya Kati, mashariki ya Tabora. Msomi anayekuja hapa kutafiti athari za runinga kwa utamaduni hukutana na kikwazo kimoja: kila aliyevuka miaka 40 tayari ni mtaalamu wa fani hiyo. Chanzo kinajulikana. Zanzibar ilianza kurusha matangazo mwaka 1973, Bara ikangoja hadi 1994, kwani serikali ya Mwalimu Nyerere iliihesabu runinga kuwa anasa. Aliyekua kabla ya hapo ameonja dunia mbili, na mtu wa namna hiyo hanyamazi. Tena Unyamwezi, ilipo Igalula, una mila kongwe ya kusimulia ya mbali: wapagazi waliopeleka pembe za ndovu Bagamoyo walirudi na habari za bahari, na ambaye hajaiona hakuwa na la kubisha.

Spishi ya kwanza ni Mzee wa Redio. Nadharia yake ni kwamba runinga imeua mazungumzo. Huitazama taarifa ya habari tangu inapoanza hadi utabiri wa hali ya hewa, asibanduke kwenye kiti kilicho karibu kabisa na kioo. Asichanganywe na Ali Mazrui wa Mombasa, mwanazuoni aliyesimama mwenyewe mbele ya kamera kwa vipindi tisa vya *The Africans* mwaka 1986. Mazrui alishambuliwa na Lynne Cheney, mkuu wa mfuko wa serikali ya Marekani uliochangia gharama, aliyetaka jina la mfuko huo liondolewe. Mzee wa Redio hushambuliwa na wajukuu: "Babu, sogea kidogo, unatuziba." Kitaaluma, uzito ni uleule.

Mtu wa Antena hatatukawiza. Zama zake ni tatu, yaani bomba juu ya paa, dishi na king'amuzi. Kilichoonyeshwa hakimhusu.

Anayestahili tasnifu nzima ni Mfasiri wa Kibanda Umiza, yaani banda la kuonyeshea filamu kwa kiingilio. Mkuu wa ukoo huu ni marehemu Lufufu, aliyeingiza sauti yake kwenye kanda za filamu za kigeni, akizieleza kwa Kiswahili na kutia chumvi alipoona panafaa. Kwa wafuasi wake, filamu isiyo na msimulizi ni mbichi. Mpiganaji wa Hong Kong akirusha teke, Mfasiri, kwenye benchi la mbele, huwa ameshampa shemeji mkorofi na mahari ambayo hajamaliza kulipa. Wasomi wanauliza runinga imeifanya nini Igalula; laiti wangeketi hapa jioni moja waone inavyofanywa yenyewe.

Umeme ukikatika, huyu haachi. Huendelea gizani, mapanga yakilia mdomoni mwake, mpaka adui aanguke. Mwenye kibanda hukataa kurudisha viingilio kwa hoja kwamba filamu imeisha. Wateja nao hushikilia kwamba aliyeuawa siye.