Sifa za Jani Linalonyauka

Ua la tulipu lina wasemaji wengi. Lina watalii, lina wachoraji, lina bustani ya Keukenhof huko Lisse, Uholanzi, ambako matunguu karibu milioni 7 hufukiwa kila mwaka kabla ya baridi kali, ili watu waje kupiga picha kwa wiki nane hivi za majira ya kuchipua. Mimi nimekuja kumsemea ndugu yake asiye na wakili: jani la tulipu la mwezi wa Juni. Ua limeshapukutika, jani limejilaza kwenye tuta, nchani manjano, pembeni hudhurungi, na konokono amejibanza chini yake. Nalisifu bila haya. Atakayecheka na acheke.

Kwanza nalisifu kwa ubaya wake wa wazi. Ua linatega, jani halitegi mtu. Halijipodoi, halinukii, halimpotezei nyuki wakati wake. Linanyauka hadharani, mbele ya dirisha la sebule, wageni wakiwepo, na wala halina haraka. Chama cha Kifalme cha Kilimo cha Bustani cha Uingereza kinawausia watu waliache angalau wiki sita tangu ua lichakae. Ni mzee gani mwingine wa mtaa aliyepata kibali cha chama cha kifalme cha kukaa barazani hata akiwachusha wapita njia?

Na hapo lilipojilaza, linafanya kazi. Hii ndiyo sifa inayowachoma maadui zake. Kila palipobaki ukijani, mwanga wa jua unageuzwa sukari. Sukari inashuka hadi chini ya udongo na kuwekwa akiba ya wanga. Tunguu lililopandwa limeshajimaliza kwa kulisha ua. Linasinyaa, na pembeni yake wanakua watoto watakaorithi nafasi yake. Nani anawalisha mayatima hao? Si ua. Wahenga walisema mchumia juani hulia kivulini. Jani hili limepita hapo: linachuma juani ili mwingine ale kivulini, kisha lenyewe linaishia jaani.

Wakulima wa pande za Lisse wanalijua hilo vizuri kuliko watalii wao. Tulipu zikishachanua na kukaguliwa kama zina virusi, mashine inapita shambani na kukata vichwa vyote, mstari kwa mstari, wekundu na manjano vikimwagika chini. Mgeni aliyechelewa ndege hushika tama. Mkulima hana habari naye: yeye anauza matunguu, na ua likiachwa litunge mbegu litaila akiba. Kwa hiyo kichwa kinakatwa, jani linabakizwa mpaka likauke, ndipo tunguu ling'olewe. Sijapata kusikia hukumu ya haki kama hiyo.

Hata katika ule wazimu wa tulipu wa karne ya 17 huko Uholanzi, matunguu yalipouzwa kwa bei za ajabu, jani lilikuwa na mkono wake. Tarehe 5 Februari 1637, mjini Alkmaar, matunguu waliyoachiwa mayatima wa marehemu mmoja yalipigwa mnada na kuleta karibu gilda 90,000, siku zile zile ambapo wanunuzi wa Haarlem walikuwa wameanza kukimbia soko. Matunguu ya thamani yaliuzwa kwa uzito. Je, uzito ule uliletwa na nani? Mchoraji gani aliwahi kulipwa achore jani la Juni lililojaza mizani?

Maadui zake ni wa aina nyingi. Yupo mwenye mashine ya kukatia nyasi, aliyepanda narisisi, ua jingine la tunguu, katikati ya uwanja wake. Mwezi wa Mei hataki kuona fujo, anafyeka. Mwaka unaofuata anapata majani bila ua, naye anamlaumu aliyemuuzia. Yupo msusi. Huyu anayakunja majani ya narisisi, anayafunga kwa raba, yamependeza kama mtoto anayepelekwa shule siku ya kwanza. Lakini jani lililokunjwa halioni jua, na unadhifu haujazi tunguu. Wale wanaopanda maua ya kiangazi mbele yake ili lisionekane, hao nawasamehe, mradi wasilizibe jua. Kumsitiri mzee si kumuua.

Wapishi nao nawatahadharisha mapema: jani la narisisi lina sura ya jani la kitunguu, lakini lina sumu. Hata kwenye sufuria halitaki kubembelezwa. Na hiyo pia naihesabu kuwa sifa.

Basi wewe mwenye makasi, subiri. Kata ua lililochakaa kabla halijatunga mbegu, mwagilia ikiwa mvua imeadimika, kisha kaa mbali. Siku jani litakapokuwa hudhurungi tupu, livute kwa vidole viwili. Likija bila ubishi, limemaliza kazi, lipeleke kwenye mboji. Likigoma, liache.