Sifa za Modi Iliyopitwa na Toleo

Wapo wanaousifu mchezo wa Euro Truck Simulator 2 kwa barabara za Ujerumani, mvua juu ya kioo, na Scania inayopanda Milima ya Alps na tani 20 mgongoni. Waacheni na raha zao nyepesi. Mimi naisifu modi iliyochakaa: lile lori la kuongezea, lililoundwa na mtu asiyelipwa, ambalo toleo jipya la mchezo limeligomesha.

Kwanza ishukuriwe kampuni ya SCS Software ya Prague. Mchezo ulitoka 2012, na wengine wangeuacha uzeeke kwa amani. Wao bado wanautolea matoleo, na kila toleo halikosi kutupatia kazi sisi tunaokarabati modi. Mwaka 2020, toleo la 1.37 lilibadili mfumo mzima wa sauti. Malori ya modi yaliyokuwa yakinguruma yakaamka mabubu. Unakanyaga mafuta, mshale wa mwendo unapanda, injini haisemi neno. Wapenzi wa magari ya umeme walipaswa kushangilia.

Na subira utaifunzwa wapi kwingine? Faili ya modi, ile yenye kiishio cha .scs, ukiichungulia, mara nyingi ni zipu ya kawaida. Ndani mna folda ya def, na ndani ya def mna faili za .sii, maandishi matupu yanayoharirika kwa Notepad. Sahau bano moja tu la kufunga, mchezo waweza kuzimika hata gereji hujaiona. Hapo unakimbilia game.log.txt, ambamo makosa yamepangwa kwa utiifu, mstari juu ya mstari, na mengi yake ni ya modi nyingine kabisa uliyokwisha kuisahau.

Wavivu nao hufungua manifest.sii, faili inayotaja matoleo ambayo modi inaendana nayo, wakaandika namba ya toleo jipya, wakafunga. Onyo la kutoendana linaondoka, ugonjwa unabaki. Ni kumwandikia maiti cheti cha afya njema. Hata hao nawaheshimu, kwa kuwa wanatuhifadhia kazi ya kesho.

Lakini taji namvika mtunzi aliyeifunga faili yake kwa kufuli asije akaibiwa, kisha akatoweka. Modi yake haitaibwa kamwe. Haitaendeshwa pia.

Basi wewe uliyewasha mchezo leo ukakuta modi zako zote zinafanya kazi, pole sana: jioni nzima utaimaliza kwa kuendesha lori tu.