Mhandisi Yuko Saiti

Kilosa mtu hahesabiwi kuwa anasoma mpaka apande gari. Ukibeba tranka kwenda Dar es Salaam, shangazi atakulilia stendi na jirani atakufungashia kuku, hata kama mwenyewe unaishia Mikumi kwa semina ya siku mbili. Lakini ukijifungia chumbani na laptopu, ukasema unasomea shahada ya uhandisi ujenzi kwenye chuo cha ng'ambo, kwa watu wa nyumbani umepumzika. Na aliyepumzika hutumwa.

Mimi hutumwa. Mhadhiri akifika tu kwenye momenti ya boriti, mpunga nao unataka kwenda mashineni. "Si umekaa tu?" anauliza shangazi. Basi nafunga gunia kwenye baiskeli, nachomeka visikilizio, tunaondoka watatu: mimi, gunia na mhadhiri. Yeye anasema tuchukulie kwamba boriti haina uzito wake wenyewe. Gunia la mpunga halina tabia hiyo.

Majirani nao wana lao. Mmoja aliniletea pasi iliyoungua. Nikamweleza kuwa mimi nasomea madaraja. "Hewala," akasema, "anza na hii, daraja litafuata."

Serikali ina utaratibu wake: Tume ya Vyuo Vikuu hutathmini shahada za nje, na Bodi ya Usajili wa Wahandisi ndiyo inayowasajili wahitimu. Nyumbani kwetu tathmini ilishafanywa na shangazi, na hakuna dirisha la rufaa.

Balaa lenyewe ni mitihani. Mtahiniwa anasimamiwa na programu kupitia kamera, na kabla ya kuanza sharti azungushe laptopu kuonesha chumba hakina mtu. Nikaonesha kitanda, magunia, baiskeli, dirisha. Uvunguni alikuwamo mtetea wa bibi, lakini habari za uvunguni sikuulizwa.

Katikati ya swali la tatu mtetea akataga, na kuku akitaga hutangaza. Programu ikawasha alama nyekundu: imesikika sauti ya mtu wa pili. Sijakaa sawa, mlango ukafunguliwa.

"Mume wangu," akaniita bibi, "nipe hilo yai kabla hujalikanyaga."

Nikaingia uvunguni, nikampa. Akaligeuza geuza mbele ya kamera kulikagua, kisha akaiinamia laptopu. "Hamjambo huko?"

Kesho yake chuo kikaandika kutaka maelezo: sauti ile ilikuwa ya nani, na ni kitu gani kilichopita mkononi kwangu? Nikajibu kwa heshima zote kwamba sauti ni ya kuku na kitu ni yai. Wakaomba uthibitisho. Yai lilikuwa limeshakaangwa. Nikawatumia picha ya kuku.

Ukombozi ulitoka kwenye reli. Kilosa wahandisi tumewaona kwa macho. SGR ilipopita kwetu, Waturuki wa Yapi Merkezi na vijana wa Kitanzania walitoboa mahandaki milimani, wakalaza reli yenye upana wa milimita 1,435, wakati ile tuliyoachiwa na Mjerumani ni ya milimita 1,000. Tangu 2024 treni ya umeme inapita hapa kwenda Dodoma, na imesanifiwa kukimbia hadi kilomita 160 kwa saa. Watu hawakuzishika milimita hizo. Walichoshika ni helmeti na vile vizibao vinavyomeremeta. Hapa kwetu mhandisi ni helmeti. Hajawahi kuonekana mtu wa kumtuma mwenye helmeti akakoboe mpunga.

Nikaazima vyote viwili kwa rafiki aliyekuwa kibarua huko relini. Sasa mhadhara ukikaribia, navaa kizibao, nafunga mkanda wa helmeti kidevuni, naketi kitandani. Shangazi alichungulia mara ya kwanza, akarudisha mlango taratibu, na gunia akalibeba binamu yangu. Mhadhiri aliponiona kwenye kioo akauliza kama niko saiti. Nikasema ndiyo. Mtetea akaniunga mkono kwa kelele.

Juzi yule jirani alirudi na pasi yake. Bibi akamzuia barazani.

"Njoo jioni. Mhandisi yuko saiti."

Jirani akachungulia dirishani, akaiona helmeti, akaomba radhi na kuondoka kwa adabu. Pasi aliiacha.