Namna ya Kusoma Kesho Kwenye Nondo

Watu hulipa waganga ili waambiwe yajayo, na kumbe Dar es Salaam kuna chama cha siri kinachotabiri bure, tena kwa zege. Chama hiki hakina jina, hakina ofisi na hakitoi risiti. Wanachama wake utawajua kwa penseli sikioni na madoa ya saruji kwenye suruali. Kazi yao ni kujenga kesho ya mwenye nyumba juu ya leo yake. Ukitaka kuwasoma, fuata hatua hizi.

1. Anza juu. Simama ng'ambo ya barabara, iwe Goba au Mbagala, uinue macho mpaka pale nyumba inapoishia. Utaona nondo zimechomoza kwenye kila nguzo, nyingine zimevishwa chupa za plastiki. Mgeni atasema nyumba haijaisha. Wewe soma vizuri: pale juu pana ghorofa nyingine, watoto wamemaliza chuo, na mpangaji analipa miezi sita kwa mkupuo bila kununa. Urefu wa nondo nao una maana. Mita moja, mwenye nyumba anasubiri kiinua mgongo. Mita mbili, anasubiri mirathi.

2. Pima kutu. Nondo ikiwa bado na rangi ya dukani, ndoto ni ya mwaka huu. Ikiwa ya kahawia, mtoto aliyekusudiwa chumba cha juu ameshaota ndevu. Ikianza kumeguka magamba, ndoto imehamia kwenye wosia. Kuna siri hapa ambayo chama hakimwambii mteja: nondo iliyoachwa wazi kwenye mvua na upepo wa chumvi wa pwani huliwa na kupungua unene, na zege jipya halishiki vizuri kwenye magamba ya kutu. Ghorofa inayosubiriwa inaliwa huku inasubiriwa.

3. Zijue mbinu za chama. Ngazi inayoishia hewani maana yake mkopo ulikatika katikati ya ngazi. Fremu nne za maduka kwenye mtaa ambao hata bajaji haifiki ni utabiri wa lami, na mwenye nyumba ameshajipangia kodi ya fremu kabla lami haijajipangia kuja. Pagale lililoota mpapai sebuleni ni kesho ya mtu aliye ughaibuni: yeye hutuma hela, na fundi humtumia picha za nyumba ya jirani.

4. Kariri kiapo. Mwanachama huapishwa kwa maneno machache, siku ya kumwaga zege la juu: "Bosi, tuziache nondo, hujui ya Mungu." Bosi akiitikia "Ziache, fundi," amekwisha kujiunga. Hakuna aliyemuuliza msingi ulichimbwa kwa ajili ya ghorofa ngapi. Swali hilo huhesabiwa ni utovu wa adabu.

5. Ogopa chama pinzani. Serikali nayo ina watabiri, ila wao hutumia rangi. Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 ilipanua hifadhi ya barabara kuu kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande, ikipimwa kutoka katikati ya barabara. X nyekundu ukutani hukuambia kesho yako ni barabara, na fidia usahau. X ya kijani hukuambia kesho yako ni barabara vilevile, ila umo kwenye zile mita 7.5 zilizoongezwa, kwa hiyo fidia unastahili. Ni utabiri pekee nchini unaotofautisha msiba na msiba wenye rambirambi.

6. Zuru walikotangulia wazee wa chama. Kisiwani Kilwa kuna Husuni Kubwa, jumba la kifalme la karne ya 14 lenye vyumba zaidi ya mia na birika la kuogea la pembe nane. Wachunguzi wa mambo ya kale wanaona halikukamilika. Miaka mia sita na ushei imepita, na inaelekea fundi bado anasubiri hela ya kumalizia. Kisha vuka mpaka uende Lamu, uone chama kilivyokuwa kabla hakijaharibika. Binti alipoolewa, wazazi walimwongezea ghorofa juu ya nyumba yao, au walimjengea ng'ambo ya kichochoro wakaziunganisha nyumba mbili kwa wikio, yaani daraja la juu ya kichochoro. Waliweza kwa sababu kuta za chini zilikuwa za mawe ya matumbawe na chokaa, unene wake karibu nusu mita, na vyumba vilifanywa vyembamba kulingana na urefu wa boriti za mikoko. Kesho ya binti ilikuwa imeshabebwa na ukuta kabla hajazaliwa.

7. Sasa tazama chini. Hii ndiyo hatua ambayo wengi huiruka, kwa kuwa msingi umefukiwa na haupigwi picha. Nondo za juu hutaja tu unachotamani. Unachoweza kimeandikwa chini: kina cha msingi, unene wa nguzo, idadi ya ringi, na kama saruji ilipimwa au mfuko mmoja ulinyoshwa ufanye kazi ya miwili. Zege hupimwa nguvu yake likifikisha siku 28, na siku za mwanzo linataka kumwagiliwa maji. Fundi anayetaka kupandisha ukuta keshokutwa anakutabiria kitu, nawe usingoje kitimie.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, zikikuwasha zile nondo za juu, usimwite fundi kwanza. Mwite mhandisi aliyesajiliwa, apime msingi na nguzo, akuandikie nyumba yako inabeba ghorofa ngapi. Akikuambia moja tu, zikate hizo nondo uezeke bati.